Sehemu C ya Shamba la Babu

Nambari ya hati miliki ya shamba kutoka kwetu husomeka kama anwani ya kijiji. Ngandori/Kirigi. Gaturi/Githimu. Kagaari/Weru. Ukivuka Mto Thuci, upite Chuka na Nkubu hadi Meru mjini, unakutana na Ntima/Igoki. Majina hayo yalikuwepo kabla ya karatasi. Kilicho kipya ni ile nambari inayofuata mkwaju wa mwisho, na nyingi kati ya nambari hizo zina umri wa wazazi wetu tu.

Kizazi chetu tunaongea kuhusu mkopo wa nyumba kama kitu cha Nairobi: ghorofa ya Syokimau, jamaa aliyevaa suti, kalamu ya benki. Lakini wengi wetu tuliotoka Embu na Meru tukikopa pesa kubwa, kinachowekwa mezani ni ile hati ya nyumbani, iliyokaa miaka kwenye bahasha ya kaki chini ya godoro la mzee. Na ile hati haikugeuzwa dhamana ya mkopo kwa bahati mbaya. Ilitengenezwa kwa kazi hiyo.

Mwaka 1954, Hali ya Hatari ikiwa imepamba moto, msaidizi wa mkurugenzi wa kilimo aliyeitwa R. J. M. Swynnerton aliandika mpango wa kubadilisha kilimo cha Waafrika. Vipande vya ardhi vilivyotawanyika viunganishwe kuwa shamba moja. Shamba lipimwe na mwenyewe apewe hati. Kwa hati hiyo akope, na kwa mkopo apande kahawa na chai na afuge ng'ombe wa gredi. Swynnerton hakuficha kilichotarajiwa mwisho wake: wenye bidii au pesa wataongeza ardhi, wakulima wabaya au maskini watapunguza, na nchi itapata tabaka la wenye ardhi na tabaka la wasio nayo. Aliona hiyo ni hatua ya kawaida ya maendeleo. Mimi nikiisoma leo naona mtu aliyejua kabisa kwamba hati inayoweza kukopewa ni hati inayoweza kupotea.

Meru na Embu, pamoja na Kisii, zilikuwa mahali pa kwanza Waafrika kuruhusiwa kujaribu kahawa, miaka ya 1930. Kwa hiyo mpango haukukuta watu wasiojua pesa. Ulikuta watu waliofungwa mikono. Wanaume wengi wa Kikuyu, Embu na Meru walikuwa kizuizini au msituni, na familia nyingi zilikuwa zimehamishiwa vijiji vya lazima. Vipande viliunganishwa na kamati za waliokuwepo. Ukirudi, unaonyeshwa shamba lako liko wapi sasa.

Na si ati rehani ilikuwa jambo geni. Mtu mwenye shida, awe anatafuta mahari au anakimbia njaa, angempa mwenzake kipande cha shamba alilime, naye apokee mbuzi. Hiyo haikuwa kuuza kabisa. Siku akipata mbuzi, au mwanawe akiwapata, wanarudishwa na shamba linarudi. Upande wa Mbeere, upimaji ulipofika miaka ya 1970, kesi za namna hiyo zilijaa. Koo zilisimama kudai mashamba ambayo mababu walikuwa wameyatoa kwa mifugo, zikitaka kuyakomboa kabla hayajaandikwa jina la mtu mwingine milele.

Haikuwa paradiso, tusidanganyane. Mtu angeweza kulima kipande kwa miaka mingi, apande miti, azike wazazi hapo, kisha wajukuu wa mwenye shamba watokee na mbuzi mkononi. Ukoo wenye sauti ulishinda ukoo mdogo. Lakini angalia muda ulikuwa upande wa nani. Aliyekopa hakuwa na tarehe ya mwisho. Kila mwaka uliopita ulikuwa mwaka mwingine wa kutafuta mbuzi, na deni halikuvimba kwa sababu tu jua limechwa na kuchomoza tena.

Hati iligeuza hilo. Ndiyo bei ambayo sijawahi kuiona kwenye bango lolote la benki: muda ulihama kutoka kwa mdaiwa ukaenda kwa mdai. Sasa kila siku inayopita ina gharama, na mwisho wake kuna dalali.

Sheria ya Ardhi Iliyosajiliwa ya mwaka 1963 ilikaza fundo. Aliyeandikwa jina alikuwa mwenye mali kamili. Usajili wa kwanza haukuweza kupingwa, hata kama ulipatikana kwa hila. Na nani aliandikwa? Mara nyingi kaka mkubwa, kwa niaba ya wote, kwa sababu karani alitaka jina moja na foleni ilikuwa ndefu. Ndugu walikubali wakijua ni shamba lao wote. Karatasi haikujua hivyo. Kaka huyo, au mwanawe, angeweza kwenda benki na kukopa kwa shamba la watu watano kwa sahihi ya mtu mmoja.

Mwaka huohuo wa uhuru, serikali mpya iliendeleza mantiki ileile. Waliopewa vipande vya mashamba ya walowezi chini ya mpango wa Ekari Milioni Moja waliyapata kwa mkopo wa miaka 30, riba asilimia 6.5. Inaonekana ndogo, sivyo? Kwa kila shilingi 100 ya bei ya ardhi, ukilipa sawasawa kila mwaka hadi mwisho, unatoa karibu shilingi 230. Hiyo ilikuwa bei ya kununua tena ardhi ambayo wengi waliamini haikuwahi kuuzwa.

Ajabu ni kwamba wakulima wetu wengi waliipokea hati na kukataa kazi yake. Mwanaanthropolojia Angelique Haugerud, aliyefanya utafiti Embu kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1970, alikuta ni wachache waliokopa kwa kuweka hati. Wataalamu wa maendeleo walishangaa. Kwani tumewapa dhamana, mbona hawaitumii? Nadhani wale wazee walikuwa wamefanya hesabu. Hawakuwa na kikokotoo, lakini walijua mvua inaweza kukosa misimu miwili na benki haingoji misimu.

Basi na sisi tufanye hesabu. Mimi niliacha chuo kabla ya kumaliza, kwa hiyo usiogope, hii inafanyika kwa simu.

Chukua mkopo wa nyumba wa shilingi milioni 3, miaka 20, riba asilimia 14 kwa mwaka kwenye salio linalopungua. Malipo ya kila mwezi ni kama 37,300. Mwezi wa kwanza, riba pekee ni 35,000. Yaani katika zile 37,300 ulizotoa jasho, 2,300 tu ndizo zimegusa deni. Nyingine zote ni kodi ya pesa.

Endelea kulipa bila kukosa hata mwezi mmoja kwa miaka mitano. Umetoa kama 2,238,000. Uliza benki unadaiwa ngapi. Utaambiwa karibu 2,801,000. Miaka mitano ya nidhamu imepunguza deni kwa takribani laki mbili. Ukifika mwisho wa miaka 20 umelipa karibu milioni 8.95. Nyumba moja umeinunua, na nyingine mbili umeinunulia benki.

Hapa ndipo watu hukasirika na kuita benki mwizi. Mimi siendi huko. Hesabu si siri. Benki ikitakiwa inaweza kukupa jedwali lote la malipo, mstari kwa mstari, miezi yote 240. Shida ni kwamba msee wa mauzo anakuonyesha safu moja tu, ile ya malipo ya mwezi, na sisi tunauliza swali moja tu: nitaweza? Ukiuliza swali hilo peke yake, mkopo mrefu zaidi utashinda kila mara, maana ndio wenye malipo madogo.

Weka miaka 15 badala ya 20. Malipo ya mwezi yanapanda hadi karibu 39,950. Tofauti ni 2,650, nauli na chai za mwezi kwa watu wengi wa mjini. Lakini jumla inashuka hadi kama milioni 7.19. Umeokoa zaidi ya milioni 1.7. Au baki na ule wa miaka 20, lakini lipa shilingi 5,000 zaidi kila mwezi kuanzia mwanzo, na uhakikishe benki inazielekeza kwenye deni lenyewe. Utamaliza ndani ya miaka 13 na utaokoa kama milioni 2.5. Kwanza soma mkataba uone kama kuna faini ya kulipa mapema. Hiyo elfu tano ya ziada inanunua kitu ambacho wazee walikuwa nacho bure: muda.

Kuna ubishi mmoja wa haki hapa. Mfumuko wa bei husaidia mdaiwa. Malipo ya 37,300 yatakuwa mepesi miaka 15 ijayo, kwa sababu shilingi itakuwa imechoka. Ni kweli, na Marekani ndivyo familia nyingi zilivyojenga utajiri tangu miaka ya 1930, kwa mikopo mirefu yenye riba isiyobadilika. Lakini mkopo wa kawaida wa nyumba Kenya una riba inayobadilika. Shilingi ikichoka, riba inapanda. Ule mteremko ambao ungekusaidia, benki nayo inateremka nao.

Tumewahi kuona hili likitokea kwa ukatili, na kwetu lilikuta watu wakiwa tayari chini.

Rudi kwenye kahawa. Baridi kali ya mwaka 1975 iliua mikahawa ya Brazil, na mwaka 1976 na 1977 bei ya dunia ikapaa. Nyumba nyingi za mawe unazoziona Kianjokoma, Runyenjes na Nkubu, zenye veranda na madirisha ya chuma, ni watoto wa baridi ya Brazil. Mtu mwenye mikahawa mia kadhaa alianza kujihesabu kama mtu wa mshahara, na mtu wa mshahara hukopeshwa. Kisha Julai 1989 mkataba wa kimataifa uliokuwa ukigawa mafungu ya mauzo ya kahawa ukasambaratika. Bei ikaanguka. Malipo kutoka chama cha ushirika yakawa madogo na ya kuchelewa.

Nairobi nako, uchaguzi wa 1992 ulifadhiliwa kwa kuchapisha pesa, na Goldenberg ikaongeza moto. Mwaka 1993 mfumuko wa bei ulipita asilimia 45. Benki Kuu ilipoanza kuzivuta pesa hizo zirudi, riba ya hati za Hazina za siku 91 ilipita asilimia 80 katikati ya mwaka huo. Benki za biashara zikafuata kwa mbali kidogo: riba za mikopo zilizokuwa asilimia 18 au 19 mwaka 1990 zilifika wastani wa karibu 36 mwaka 1994.

Tafsiri hiyo kwa lugha ya nyumbani. Kwa kila milioni unayodaiwa, riba ya mwezi ilikuwa 15,000. Sasa ni 30,000. Mshahara wa mwalimu haukuongezeka mara mbili. Kahawa ndiyo hiyo imelala. Asiyeweza kulipa, riba yake iliongezwa juu ya deni, na mwezi uliofuata riba ikatozwa juu ya riba, na faini juu yake. Hakuna aliyekosa adabu wala kunywa pesa za mkopo. Walitia sahihi mkataba mmoja wakajikuta ndani ya mwingine, na karatasi ilikuwa ileile.

Ilichukua zaidi ya mwaka wa kumi kabla sheria kusema basi. Mwaka 2000 mbunge wa Gem, Joe Donde, alipitisha bungeni mswada wa kufunga riba, ukazamishwa mahakamani. Mwaka 2007 kikaanza kutumika kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki, ambacho kila mtu mwenye mkopo anapaswa kukijua kama jina lake. Mkopo ukishaacha kulipwa na kuingia kwenye orodha ya mikopo mibaya, riba inayoweza kudaiwa tangu hapo haiwezi kuzidi deni lililobaki siku hiyo. Ukidaiwa milioni mbili siku ulipoanguka, riba inakoma ikifika milioni mbili nyingine. Ni dari, na si ya chini. Haihesabu ulicholipa kabla ya kuanguka.

Dari nyingine ilijaribiwa Septemba 2016, riba isizidi asilimia 4 juu ya kiwango cha Benki Kuu. Mikopo ilishuka hadi karibu asilimia 14, tukashangilia, na benki zikakunja mkono na kuikopesha serikali badala ya mama wa duka. Novemba 2019 sheria hiyo ikaondolewa. Mwaka 2024 wastani wa riba ulirudi karibu asilimia 17. Ile milioni 3 yetu kwa asilimia 17 inadai kama 44,000 kwa mwezi. Elfu sita na mia saba zaidi, bila kuongeza chumba.

Ndiyo maana nchi nzima, yenye watu zaidi ya milioni 50, ina akaunti za mikopo ya nyumba takribani 30,000 tu. Kaunti ya Meru peke yake ilihesabiwa watu 1,545,714 mwaka 2019. Vijana wa Makutano au wa Dallas pale Embu hawajengi kwa benki. Wanajenga kwa Sacco ya asilimia moja kwa mwezi, kwa chama, kwa mabati ya mwaka huu na madirisha ya mwaka ujao. Watu wa mipango miji hudharau nyumba hizo zilizokaa na vyuma juu miaka sita. Mimi naona watu waliokataa kuuza muda wao.

Lakini hati ya nyumbani bado inaitwa. Anaitwa mzee aje mjini na kitambulisho, aweke sahihi kwa mkopo wa mwanawe: ploti ya kupangisha Embu, au malipo ya mwanzo ya ghorofa. Mzee anaambiwa ni dhamana tu, kama vile kumshikia mtu mlango. Hicho anachotia sahihi ni rehani kamili, na mwanawe akishindwa shamba linaondoka kama vile mzee mwenyewe ndiye aliyekopa. Kuna ngazi, ndiyo: notisi ya miezi mitatu ya kurekebisha deni, notisi ya siku 40 kabla ya kuuza, kisha siku 45 za dalali. Tangu 2012 nyumba ya ndoa haiwezi kuwekwa rehani bila idhini ya mwenzi, kwa hiyo mama naye lazima aulizwe. Zamani mama wengi waliijua rehani siku waliyoona wageni wakipima ua.

Na mwaka 2018 Mahakama ya Juu, katika kesi ya familia iliyotoka Meru, ilikubali kwamba chini ya jina moja lililoandikwa kwenye hati kunaweza kuwa na haki za ndugu wengine zisizoandikwa popote, kwa msingi wa mila. Ilichukua zaidi ya nusu karne kwa karatasi kukubali kile ambacho yule kaka mkubwa na ndugu zake walikijua siku ya foleni. Wakili wa benki mwenye akili sasa huuliza nani anaishi hapo, na nani alizaliwa hapo. Na wewe unayetaka kukopa kwa shamba hilo uliza pia, kabla yake.

Mzee akikubali, fanya jambo moja kabla ya kalamu. Nenda ofisi ya ardhi, Embu au Meru, uombe upekuzi rasmi wa nambari hiyo. Rejista za zamani zina sehemu tatu. Sehemu A inaeleza ardhi na ukubwa wake. Sehemu B ina jina la mwenyewe. Sehemu C ndiyo ya mizigo, na rehani huandikwa hapo. Kumaliza kulipa hakuifuti. Benki lazima itie sahihi hati ya kuondoa rehani, na mtu lazima aipeleke isajiliwe. Familia nyingi zililipa na hazikwenda. Kwa hiyo unaweza kukuta mkopo wa kahawa wa babu aliyezikwa zamani, umelipwa wote, mkopeshaji amebadilisha jina mara mbili, na bado umekaa pale kwa wino wa karani, ukisubiri mtu wa kuja na karatasi.